Jedwali la Mistari Mia Tatu

Machi 3
Mvua ya kwanza imenyesha alasiri kwa dakika ishirini, kisha jua likatoka kana kwamba hakuna lililotokea. Nimeweka ndoo chini ya mfereji wa paa. Maziwa yamepanda bei.

Machi 6
Binti yangu amekuja na mumewe. Wamepata nyumba ya kununua: vyumba vitatu, jiko lenye dirisha, lami hadi mlangoni. Benki itawakopesha milioni sitini, nao watazilipa kidogo kidogo kwa miaka ishirini na mitano. Binti amezungumzia dirisha la jiko kwa muda wa saa nzima. Mkwe wangu, ambaye ni fundi wa majokofu na mitambo ya kupoza hewa, amekula, amesifu chakula, kisha amelala akiwa ameketi kitini. Ana umri wa miaka arobaini na mmoja. Sijapata kumwona mtu anayelala upesi hivyo mbele ya mama mkwe wake.

Walipokuwa wakiondoka, binti amenikabidhi mkataba ndani ya bahasha ya kaki.

"Mama, wewe ndiye msomaji. Pitia kabla hatujasaini. Nikijua umeshapita wewe, roho yangu itatulia."

Nimekuwa msahihishaji katika kiwanda cha uchapaji kwa miaka thelathini na mmoja. Nimempokea bahasha.

Machi 7
Mvua. Nimesoma kurasa tatu.

Machi 9
Nimemaliza. Kurasa za maandishi ni kumi na nne. Nimekuta makosa kumi na moja, na hakuna hata moja linalobadili maana. Kifungu kimoja nimekiwekea alama: benki inaweza kupandisha riba baada ya kutoa notisi ya siku thelathini. Chini ya ukurasa wa kumi na nne nimeandika "Imesomwa", nikatia sahihi, kama nilivyofanya maisha yangu yote ya kazi.

Nyuma ya maandishi kuna jedwali la marejesho, namba tupu, kurasa saba. Hilo nimeliacha. Kiwandani kwetu jedwali halikusomwa na mtu mmoja. Mmoja alisoma namba kwa sauti, mwingine akazifuata kwa kidole kwenye nakala ya pili, kwa sababu jicho lililo peke yake huchoka na namba, likaanza kuona linachotaka kuona. Hapa nyumbani sina mwenzangu wa kusoma naye. Sahihi ya msahihishaji ni ya maandishi tu; hilo kila mtu wa kazi yetu analijua.

Machi 10
Binti amepiga simu.

"Umeusoma, mama?"

"Nimeusoma. Maandishi ni safi."

Amepiga kigelegele mpaka nikaiondoa simu sikioni.

Machi 11
Binti ameleta elfu sabini zangu za mwezi, ameziweka chini ya kopo la sukari. Hakuketi. Mvua ilikuwa inakuja.

Machi 14
Wamelipa ada ya kushikilia nyumba, laki sita, na haitarudishwa hata wakighairi. Siku ya kutia sahihi benki ni Aprili 29.

Machi 17
Mvua mchana kutwa. Nguo hazikauki.

Machi 22
Mkwe amekuja peke yake kutazama jokofu langu, ambalo limekuwa likinguruma. Amelala chali nyuma yake, miguu imejaa jikoni, na akiwa huko chini ameniuliza:

"Mama, ulipoliona lile jedwali, hukushtuka?"

"Jedwali sijalisoma."

Bisibisi imenyamaza. Ametoka nyuma ya jokofu na vumbi kwenye nyusi.

"Hujalisoma? Si uliandika 'Imesomwa'?"

"Niliandika chini ya maandishi. Jedwali husomwa na watu wawili. Msahihishaji hatii sahihi namba alizozisoma peke yake."

"Sisi tungejuaje hayo, mama?"

Wasingeweza kujua. Mimi nimeishi na kanuni ile muda mrefu hata nikadhani ni ya ulimwengu mzima.

Amejifuta mikono taratibu. Amesema yeye alikuwa amependekeza miaka kumi na mitano, na mke wake akamjibu: "Mama amepitia mkataba mzima hajaona kasoro. Wewe ni nani?" Ndipo wakalipa ada.

"Basi," akasema, huku akitafuta kofia yake, "tumenunua gari kwa kukagua viti."

Nilidhani atakasirika. Amecheka mwenyewe, akaniambia nisifungue jokofu kwa saa mbili, akaondoka.

Machi 23
Mvua. Sikutoka.

Machi 25
Nimekwenda kwa Kengele, mitaa mitatu kutoka hapa. Tulimpa jina hilo kiwandani kwa sababu ya sauti yake. Alinisomea namba kwa miaka ishirini na miwili. Siku hizi anauza mayai.

"Dada! Mwaka mzima hujanitembelea. Una kazi wewe, hukuja kunisalimu."

"Nina kazi. Mistari mia tatu."

"Ya nani?"

"Ya mwanangu."

Ameacha utani hapo hapo, akauliza aje saa ngapi.

Machi 27
Tumeanza saa tatu asubuhi kwenye meza yangu ya chumba cha mbele, penye dirisha kubwa. Kengele ameshika nakala ya mkwe, mimi ya binti. Kila mstari ni mwezi mmoja, na una namba nne: rejesho, yaani wanacholipa, kiasi cha rejesho hilo kinachokwenda kwenye riba, kiasi kinachopunguza deni, na salio la deni.

"Mstari wa kwanza," Kengele akasoma. "Rejesho, laki saba sitini na nane elfu na mia tano. Riba, laki saba na nusu. Deni, elfu kumi na nane na mia tano."

"Rudia."

"Nimesoma sawasawa, dada."

"Najua. Rudia."

Amerudia. Nimetazama kidole changu. Katika pesa zote watakazopeleka benki mwezi wa kwanza, elfu kumi na nane na mia tano tu ndizo zitakazonunua nyumba. Zilizobaki ni malipo ya kukaa na pesa za watu. Riba hukatwa kwenye deni lililobaki, na mwanzoni deni lote ndilo lililobaki. Kwa hiyo mwanzoni riba hula karibu sahani nzima. Nilikuwa nalijua jambo hilo kama mtu ajuavyo kwamba bahari ni pana. Sikuwahi kulisikia likisomwa mwezi kwa mwezi.

Tumeendelea. Mstari wa kumi na mbili: watakuwa wamelipa milioni tisa na ushee, na deni litakuwa milioni hamsini na tisa, laki saba na elfu sitini na mbili. Mwaka mzima wa kazi ya watu wawili umeondoa laki mbili na thelathini na nane elfu.

Mstari wa sitini, miaka mitano. Wamelipa milioni arobaini na sita. Deni ni milioni hamsini na nane na laki tatu.

"Dada, hii nyumba ina choo cha dhahabu?"

"Soma."

Mstari wa mia na ishirini, miaka kumi. Wamelipa milioni tisini na mbili. Wanadaiwa bado milioni hamsini na nne na laki tisa. Hapo Kengele ameomba chai. Nje maji yalikuwa yanakimbia kando ya barabara na viatu vya mtoto wa mtu vilikuwa vinaelea.

Kuanzia mstari wa mia mbili sauti yake imekwaruza, lakini hakuruka hata namba moja. Kwenye mstari wa mia mbili arobaini na sita amesita.

"Riba, laki tatu themanini. Deni, laki tatu themanini na nane." Amegonga meza mara moja kwa kiganja. "Deni limeishinda riba! Hatimaye!"

Nimepiga hesabu pembeni ya karatasi. Mwezi huo mkwe wangu atakuwa na umri wa miaka sitini na mmoja, na nusu ya milioni sitini bado haijalipwa.

Tumemaliza saa nane mchana. Jumla ya marejesho yote ni milioni mia mbili na thelathini na nusu, kwa nyumba ya milioni sitini. Hatukukuta kosa hata moja. Katika maisha yangu sijapata kusoma jedwali sahihi kuliko lile.

Machi 28
Nimemwita binti, nikamweleza kwanza kosa langu, kisha jumla. Amesikiliza akiwa amesimama, mkoba begani.

"Na kodi tunayolipa sasa, mama? Ile si inapotea yote? Miaka kumi na moja tumempa mwenye nyumba, tumebaki na nini? Risiti."

Hoja hiyo ni ya kweli na nimekubali.

"Sikwambii usinunue. Nakwambia mumeo alitaka miaka kumi na mitano. Kwa nini ulikataa?"

"Kwa mwezi ni kubwa."

"Kubwa kwa kiasi gani?"

"Mama, mimi natazama mwezi. Miaka haiji na bili mlangoni, mwezi ndio unakuja."

Nilipotaka kuendelea amesema anachelewa zamu yake maabara, anakofanya kazi. Hakuwa na zamu. Jumamosi hana zamu.

Machi 30
Mvua. Sukari imeingia maji.

Aprili 2
Nimefuatana na mkwe benki. Nilikwenda nikiwa nimemwandalia afisa mikopo maneno makali, kwa kuwa nilikuwa nimeshaamua kwamba ni mtu wa hila. Nimekuta msichana mwenye miwani minene na koti la mvua lililotundikwa kwenye msumari, ambaye amejibu kila nilichouliza kabla sijamaliza kuuliza.

"Kwa nini hukuwaambia jumla?"

"Ipo ukurasa wa mwisho, mama, mstari wa mwisho. Ila watu hawauliziagi jumla. Wanauliza, 'kwa mwezi ngapi?' Nikiwaambia kwa mwezi ngapi, wanashukuru, wanafunga faili."

"Na wewe hushangai?"

"Nitashangaaje? Mkopo wangu mwenyewe nimelipa mwaka mzima kabla sijafungua jedwali. Na nafanya kazi hapa."

Ametupigia hesabu ya miaka kumi na mitano. Rejesho la mwezi, 839,750. Jumla, 151,155,000. Nimeomba karatasi nikatoa mwenyewe. Kwa mwezi wataongeza 71,250. Mwishoni watakuwa wamejiokolea zaidi ya milioni sabini na tisa, yaani bei ya nyumba ile na nyingine ndogo pembeni yake. Ametuonya pia kwamba riba ikipanda, rejesho litapanda katika mkataba wowote kati ya hiyo miwili, na kwamba ni heri kubakiza nafasi ya kupumua. Ni mtu mkweli. Nimerudi na maneno yangu makali kama nilivyokwenda nayo.

Nje, chini ya kibaraza, nimemwambia mkwe:

"Elfu sabini na moja tu. Punguzeni soda. Punguzeni hivyo vifurushi vya mpira kwenye televisheni."

Ametazama viatu vyake, ambavyo gundi yake ilikuwa imeachia kidoleni.

"Tutapunguza, mama."

Aprili 4
Nimeandika orodha ya matumizi ya ovyo ninayodhani wanayo. Mambo tisa.

Aprili 7
Nimepita kwao mchana. Televisheni wameiuza tangu Desemba. Sikuwa na habari. Nimefuta jambo la tatu.

Aprili 8
Mkwe huenda kazini kwa miguu, kilomita sita, mvua inyeshe isinyeshe. Nilidhani analala kwenye kiti changu kwa utovu wa adabu. Nimefuta la tano na la sita.

Aprili 11
Binti amepita asubuhi kama apitavyo kila mwezi tangu nilipostaafu, akaweka pesa chini ya kopo la sukari, akaenda zake. Alasiri nimeziinua ili ninunue dawa zangu za shinikizo la damu. Nimezihesabu. Elfu sabini.

Nimeketi.

Nimechukua ile karatasi ya benki nikaiweka mezani kando ya noti. Elfu sabini na moja na mia mbili hamsini. Sikuhitaji mtu wa kunisomea kwa sauti.

Duka la dawa nimelikuta limefungwa.

Aprili 12
Nimekwenda kwao asubuhi na mapema. Mkwe alikuwa anafunga kamba za viatu, akaona uso wangu, akasema anakwenda kutazama kama mvua imekatika. Ilikuwa haijakatika. Amesimama nje huko huko.

"Ni pesa zangu, sivyo?" nikamuuliza binti.

"Mama, usianze asubuhi hii."

"Jibu."

"Nilipiga hesabu mara tatu. Rejesho, chakula, nauli, maji, umeme, kila kitu. Zinazobaki ni hizo tu. Nikizitoa kwako, dawa utanunua na nini? Pensheni yenyewe inakuja ikijisikia."

"Kwa hiyo utalipa milioni sabini na tisa ili mimi nipate elfu sabini kwa mwezi."

"Siyo hivyo."

"Ndivyo hivyo. Nimesoma."

"Haya, ndivyo! Ulitaka nifanyeje? Nikwambie, mama, kuanzia leo jitegemee, nataka jiko lenye dirisha?"

"Ulipaswa kuniambia."

"Na wewe ulipaswa kusoma jedwali."

Kisha amecheka kidogo, bila furaha, akanifuta matone begani kwa upande wa kanga yake. Mwanangu ana miaka thelathini na minane na tayari ana mvi juu ya sikio la kushoto.

Nilipotoka, mkwe alikuwa bado chini ya ukingo wa paa, amelowa upande mmoja.

"Ulikuwa unajua," nikamwambia.

"Nilikuwa najua."

"Nikakwambia upunguze soda."

"Sinywi soda, mama. Zinanipa kiungulia."

Mtu huyu angeweza kunijibu pale benki kwa sentensi moja na nikaaibika mbele ya afisa. Alichagua kutazama viatu vyake. Nimefika nyumbani nikaichana orodha.

Aprili 13
Mvua kubwa. Nimepima chumba cha mbele kwa hatua. Saba kwa tano.

Aprili 16
Nyumba yangu ina vyumba viwili na sebule ndogo ya nyuma. Ninachoweza kupangisha ni chumba cha mbele peke yake, kwa kuwa kina mlango wa kutokea barabarani. Ndicho pia chenye mwanga. Nimesoma dirishani pale tangu nilipohamia. Nimeyaandika haya ili nisijidanganye kwamba ni jambo dogo.

Aprili 18
Kengele amemleta mshonaji wa mapazia, mwanamke wa makamo aliyefukuzwa na maji alikokuwa anakaa. Amekigusa kizingiti cha dirisha, akatazama juu.

"Chumba kizuri, mama. Mwanga upo. Cherehani ndiyo wasiwasi wangu. Inapiga kelele kidogo."

"Kidogo kiasi gani?"

"Kelele," akasema.

Nimempenda kwa ukweli huo. Tumekubaliana elfu themanini kwa mwezi, kuanzia Mei.

Aprili 19
Mkwe na mwenzake wa kazini wamehamisha meza yangu chumbani. Dirisha la huko linatazama ukuta wa jirani. Wameibeba bila kuikwaruza. Nimewapa chai, na alipolala kitini nimemwambia mwenzake apunguze sauti.

Aprili 21
Binti amekuja kugombana. Amesema watu watasema nini, mama yake kwenye uzee anaishi na mpangaji. Nimemwambia watu hawamo kwenye jedwali. Amesema atakuwa anakuja kunifanyia usafi. Nimekubali. Amesema ataleta angalau elfu thelathini. Nimekataa. Tumegombana hadi mvua ikaanza, naye hakuwa na mwavuli, ikabidi abaki ale.

Aprili 26
Tumesoma jedwali jipya, Kengele na mimi, mistari mia na themanini. Mstari wa kwanza, karibu elfu tisini zinakwenda kwenye deni badala ya elfu kumi na nane. Safari hii sikuandika "Imesomwa" peke yake. Nimeandika: "Maandishi na namba, yote yamesomwa na watu wawili", tukatia sahihi wote. Kengele amekataa malipo, kisha akaniuzia trei ya mayai kwa bei kamili.

Aprili 29
Wametia sahihi. Miaka kumi na mitano. Mkwe atakuwa na miaka hamsini na sita siku watakapomaliza, na mimi, nikiwapo, themanini na minne. Afisa ameuliza kama kuna mwenye swali. Mkwe amesema:

"Mimi ninalo. Mwezi wa kwanza tukikwama?"

Amejibiwa kwa kirefu, na binti ameandika kila neno. Nimeketi nyuma yao.

Mvua imepungua.

Mei 1
Nguo zimekauka.

Mei 3
Mshonaji amehamia jana. Kelele ni kelele kweli, kuanzia saa mbili asubuhi hadi saa kumi na moja, na baada ya nusu siku nimegundua kwamba ninasoma kwa mwendo wa cherehani. Amelipa mwezi mzima. Nimenunua dawa.

Mchana nimekumbuka kwamba kamusi yangu kubwa ilibaki kwenye rafu ya ukutani, chumba cha mbele. Nyumba hii tulimaliza kuilipia, mimi na marehemu mume wangu, kabla binti hajaanza shule. Tangu hapo sijamwomba mtu ruhusa ya kupita popote ndani yake. Nimekwenda hadi mlangoni na mkono wangu umeshika kitasa. Nimeuondoa. Nimesimama wima, nikasubiri cherehani ipumzike, nikabisha hodi.

"Karibu, mama," akaitikia mwenye chumba.